BONDE LA MSIMBAZI SI SHAMBA LA BIBI

Na Mwenezi



Lipo neno moja ambalo kila mnyang'anyi wa ardhi hulipenda. Neno hilo ni "pori". Mkoloni alipotaka ardhi yetu alisema kwanza kuwa ni pori, haina mtu. Alipokwisha kuiita pori hakusumbuka tena kuuliza kama ina mwenyewe au haina. Alipima, akachora, akagawa. Mkoloni ameondoka tangu Desemba 1961, lakini neno lake limebaki midomoni mwa wenzetu. Waulize juu ya bonde la mto Msimbazi, hapa hapa Dar es Salaam, watakujibu: "Lile? Lile ni pori tu, tope na mbu." Na mtu akishasema hivyo, jua kuwa lori la kifusi li njiani.

Leo twataka kusema wazi, na kila tawi lisikie. Bonde lile si pori, wala si shamba la bibi. Lina wenyewe. Wenyewe ni umma wa mji huu. Ni maji ya mvua ambayo lazima yapate njia. Na ni ndege wa maji ambao kila mwaka husafiri kutoka nchi za baridi kuja kukaa kwetu. Anayelijaza kifusi awaibia wote watatu kwa siku moja.

Kwanza tulijue bonde lenyewe. Mto Msimbazi waanzia kwenye vilima vya Pugu, washuka kupita Vingunguti, Tabata na Kigogo, wapokea maji ya mito ya Ubungo na Sinza, wapita Jangwani kati ya Kariakoo na Magomeni, kisha waingia Bahari ya Hindi kwenye Daraja la Selander, au Salenda kama tusemavyo wengi. Pale mwishoni mna mikoko, na mbele ya mikoko mna uwanda wa matope. Wakati wa bamvua bahari yetu hupanda na kushuka zaidi ya mita 3, na maji yakipwa matope yale hubaki wazi. Apitaye ndani ya gari huziba pua na kuona uchafu. Mvuvi ajua kuwa tope lile ni ghala. Ndani yake mna kaa, minyoo, chaza na konokono, na hao ndio chakula cha ndege ninaotaka kuwataja.

Kuanzia Agosti na Septemba, huko kaskazini kunapoanza kuwa baridi, ndege hao huja kwa makundi. Yupo sululu, mwenye mdomo mrefu uliopinda, aliyepewa jina moja na chombo cha kuchimbia, kwa maana naye ni mchimbaji hodari. Wapo vitwitwi wa namna nyingi. Mmoja wao, mdogo, mwenye mdomo uliopinda kidogo, huzaliwa katika nyika za barafu za Siberia, karibu kilomita 10,000 kutoka hapa. Uzito wake hata gramu 100 kwa kawaida haufiki. Yupo pia ndege mweupe mwenye mgongo mweusi na mdomo mnene, mla kaa, ambaye hutaga mayai ndani ya mashimo ya mchanga katika pwani za Arabuni, Oman ikiwamo, kisha hushuka pwani yetu kama yalivyoshuka majahazi ya zamani. Wote hao hula matopeni mpaka Machi na Aprili, hunenepa, hujiwekea mafuta ya safari, kisha huruka kurudi walikozaliwa wakazae.

Hesabu yake ni nyepesi, hata mtoto wa darasa la tatu ataiweza. Ndege asiyenenepa hapa hafiki kule. Asiyefika kule hazai. Kwa hiyo anayeliua tope la Salenda amevunja kiota kilichoko Siberia bila kuinua mguu wake kutoka Dar es Salaam. Hatuwezi kusema kuwa jambo hili ni letu peke yetu, wala hatuwezi kusema kuwa ni la wengine. Sisi ndio wenye nyumba, na mgeni yumo ndani.

Najua kuna ndugu watakaocheka. Katika mikutano ya matawi nimesikia mara nyingi maneno haya: "Habari za ndege ni habari za Wazungu. Sisi tuna shida za watu." Ndugu hao wana sababu ya kuchukia, nami sitaificha. Sheria za wanyama za mkoloni zilimwita Mwafrika jangili katika nchi yake, na papo hapo zikampa Mzungu kibali cha kuwinda. Mwaka 1959 Wamasai waliondolewa Serengeti kwa jina la kuhifadhi. Mtu aliyeona hayo hawezi kulaumiwa akisikia neno "hifadhi" na kutafuta fimbo yake.

Lakini tuulizane. Majina sululu, kitwitwi, buabua, yangeyange, korongo na kwarara aliyatunga nani? Je, yaliletwa na meli kutoka Ulaya? La hasha! Yalitungwa na wavuvi na wakulima wa pwani hii. Mtu hampi jina ndege asiyemjua, wala hamjui ndege asiyemtazama. Kwa hiyo anayesema kuwa ndege ni mambo ya Wazungu amwachia Mzungu hata kile ambacho Mzungu hakukichukua. Huko si kujikomboa kutoka ukoloni, ni kuumalizia kazi yake. Tena tukumbuke kuwa Mwalimu Nyerere, mwezi Septemba 1961, kabla hata bendera yetu haijapanda, alitoa tamko pale Arusha kuwa viumbe wa porini na makazi yao ni amana mikononi mwetu. Taifa lililokuwa linakaribia kuzaliwa lilibeba amana hiyo kwa hiari yake.

Sasa tuje kwenye neno la pili, "watu kwanza". Nakubali, watu kwanza! Basi tuwatazame watu.

Mwezi Desemba 2011 mvua kubwa ilinyesha Dar es Salaam, na mafuriko yakaua watu wasiopungua 40. Walio wengi wakati huu walikuwa wanyonge wa mabondeni. Mwaka 2012 waliookoka walihamishiwa Mabwepande, mbali na kazi zao na shule za watoto wao. Mafuriko yakarudi tena na tena, na barabara ya Morogoro pale Jangwani imefungwa mara nyingi, mji ukakatika vipande viwili. Je, maji hayo yalifanya kosa gani? Yalitoka Pugu yakienda baharini, kwa njia yaliyoipita kabla mji huu haujajengwa. Zamani yalipofika bondeni yalikuta matete na vinamasi. Kinamasi ni kama sifongo: hunywa maji ya mvua, huyashika, huyaachia polepole. Mikoko huyapunguza kasi na kuyachuja tope. Leo maji yakuta kuta, kifusi na mapipa, basi yaingia vyumbani.

Mwaka 1957 mji huu ulikuwa na watu wapatao 128,000. Sensa ya 2022 ilikuta watu 5,383,728. Mapaa na lami vimeongezeka kila upande, na kila paa na kila lami humwaga mvua yake mtoni. Katika mji wa namna hiyo bonde lilitakiwa lipanuliwe. Sisi tumelibana. Basi naomba mwenye kusema "watu kwanza, ndege baadaye" anioneshe mahali ambapo ndege wamefukuzwa bondeni na watu wakaneemeka. Hapana mahali! Palipojazwa kifusi sululu akakosa chakula, hapo hapo mama alikosa kitanda mvua ilipokuja. Adui wa ndege na adui wa mnyonge wa bondeni ni mmoja.

Ni nani adui huyo? Hapa ndipo wengi hukosea, au hujifanya kukosea. Wakubwa hupenda kunyosha kidole kwa maskini: ati ndiye aliyevamia, ati ndiye mchafuzi. Lakini maskini hakushuka bondeni kwa kupenda mbu. Alishuka kwa sababu mji ulihitaji mikono yake ukamnyima kiwanja. Akamkuta dalali wa kumuuzia, akamkuta kiongozi wa mtaa wa kumgongea muhuri. Wapo waliofungiwa umeme na maji, wakatozwa kodi ya majengo. Halafu mwishoni mwa 2015 wakaona alama nyekundu ya X ukutani, na mashine zikaja kubomoa. Ikiwa mahali pale ni pa hatari, kodi ilipokewa kwa nini? Na muhuri uligongwa wa nini?

Tena angalieni mwaka ule ule wa 2015. Mwezi Agosti vyama vikubwa vilifungua kampeni zao kwenye viwanja vya Jangwani, maelfu kwa maelfu ya watu wakasimama juu ya uwanda wa mafuriko kusikiliza ahadi. Mwezi Desemba wanyonge wa bonde hilo hilo waliambiwa kuwa bonde ni hatari, wabomolewe. Na katika bonde hilo hilo, pale Jangwani, palijengwa karakana ya mabasi yaendayo haraka, mradi wa mabilioni. Huduma ya mabasi ilianza 2016, na tangu hapo karakana ile imefurika zaidi ya mara moja, mabasi ya umma yakaharibika. Basi hatari ya bonde yamtambua mwenye kibanda tu? Maji hayasomi vibali. Yameingia kwa mwenye kibanda na kwa mwenye mradi sawasawa. Lakini mwenye kibanda aliitwa mvamizi, na mwenye mradi aliitwa maendeleo.

Hatusemi haya ili watu warudi kujenga bondeni. Hapana. Asiyeona hatari ya mto ule amefumba macho. Twasema haya ili sheria iwe moja kwa wote, kwa maana sheria ikimkamata mnyonge peke yake hiyo si sheria, ni rungu.

Na sheria tunazo, si haba. Sheria ya Ardhi ya 1999 yasema kuwa ardhi yote ni ya umma, naye Rais ni mdhamini kwa niaba ya wananchi. Na katika ardhi inayoweza kutangazwa kuwa ya hatari yataja mikoko, vinamasi na ukingo wa mto kwa mita 60. Sheria ya Mazingira ya 2004 yakataza shughuli za kudumu za watu ndani ya mita 60 za mto na ufuko, zile zenye kuyaharibu mazingira hayo. Nchi yetu ni mwanachama wa Mkataba wa Ramsar wa kuhifadhi ardhi oevu tangu mwaka 2000. Tumeandikisha humo sehemu 4: Malagarasi-Muyovozi, Ziwa Natron, bonde la Kilombero, na Rufiji-Mafia-Kilwa. Hayo ni mambo ya kujivunia. Lakini zote 4 ziko mbali na mji wetu mkubwa. Kana kwamba mtu wa Manzese na Buguruni hana haki ya kuwa na kinamasi kilicho hai, kana kwamba mtoto wa Mchikichini akitaka kumwona korongo lazima kwanza apate nauli ya kwenda Rufiji!

Wenzetu hawakufikiri hivyo. Uganda waliandikisha ghuba ya Lutembe mwaka 2006, ukingoni mwa ziwa Victoria Nyanza, kati ya Kampala na Entebbe, ambako buabua wahamiaji hukusanyika kwa wingi usiosemeka. Na London, mji ule ule uliotutawala, mwaka 2000 ulifungua kituo cha ndege wa maji juu ya mabwawa ya zamani ya maji ya kunywa, zaidi ya hekta 40, ndani ya mji wenyewe. Waingereza walikuwa wamekwisha kufukia vinamasi vyao vingi, basi ikawabidi wachimbe upya kwa fedha nyingi ili bata na vitwitwi warudi. Sisi tope letu twalo bado, tumepewa bure na mto na bahari. Je, tungoje mpaka tulifukie, ndipo wajukuu wetu wakakope fedha za kulifukua?

Sasa nakuja kwenye uchafu, kwa maana kifusi si adui wa pekee. Maji machafu ya majumbani, ya viwandani na ya machinjioni yamekuwa yakitiririka katika mto huu kwa miaka mingi. Wataalamu wamepima udongo na mboga za bondeni wakakuta madini mazito, risasi ikiwamo. Mchicha huo huuzwa sokoni, na mlaji ni mimi na wewe. Kaa anakula tope, ndege anakula kaa. Mchicha unanyonya tope, mtoto anakula mchicha. Ndege na mtoto wametiliwa sumu katika sahani moja.

Na msiniambie kuwa mwananchi hana nguvu juu ya hayo. Wakazi wa Tabata walikuwa nazo. Jiji lilipolifanya eneo lao kuwa jalala, moshi ukawajaa vifuani, walikwenda Mahakama Kuu mwaka 1988 wakashinda. Mahakama ilisema kuwa haki ya kuishi iliyo katika Katiba yavunjwa pale mtu anapolazimishwa kuvuta moshi wa jalala. Jalala likahama. Lakini likahamia wapi? Likapelekwa Vingunguti, katika bonde lile lile la Msimbazi! Hapo mjifunze mambo mawili. La kwanza, umma ukisimama pamoja hushinda. La pili, ushindi wa mtaa mmoja si ushindi ikiwa uchafu wahamishiwa kwa jirani. Mto ni mmoja. Atakayeutetea Tabata na kuuacha Vingunguti ametetea nusu ya ndoo.

Na uchafu una askari wake. Mwamjua kunguru mwenye shingo ya kijivu, mwizi wa maandazi. Huyo si mwenyeji wala si mhamiaji. Aliletwa Unguja katika miaka ya 1890, wakati wa himaya ya Mwingereza, ati ale takataka. Alikula takataka, akazaana, akavuka bahari, na leo ala mayai na makinda ya ndege wengine mji mzima. Sululu huja, hula kaa wake, huondoka. Kunguru alikuja kufagia, akawa mwenye nyumba. Mnauliza nguvu yake yatoka wapi? Yatoka katika jalala. Tukisafisha bonde, tumemnyima mshahara.

Mwaka 2022 Benki ya Dunia iliidhinisha mkopo wa dola milioni 200 kwa ajili ya mradi wa bonde la Msimbazi. Mpango wake wasema mto upanuliwe, pajengwe daraja jipya pale Jangwani, karakana ihame, wakazi walipwe fidia, na sehemu ya bonde iwe bustani ya mji. Sisi hatupingi mpango huo. Lakini mkopo ni deni, na deni litalipwa kwa jasho letu, kwa hiyo tuna haki ya kuuliza bustani hiyo itakuwa ya nani. Mkulima aliyefukuza nguruwe shambani hakubali baadaye kuona fisi ndani ya uzio. Mnyonge ametoka bondeni. Ole wetu tukija kuona mahali pake pamesimama hoteli na maduka, ndege wamefukuzwa na taa na kifusi kipya, na mlangoni amesimama mlinzi akitoza kiingilio!

Kwa hiyo twadai haya, nayo ni machache, tena yawezekana.

Kwanza, mlango wa mto, yaani mikoko na matope yote kutoka Jangwani mpaka baharini, utangazwe kwa sheria kuwa hifadhi ya maji na ndege. Daraja la Tanzanite, lililofunguliwa 2022, limepita juu ya bahari pale pale mbele. Apitaye juu yake atazame chini aone ndege wakila, asione viwanja vikipimwa.

Pili, kifusi cha wenye nguvu kiondolewe kabla ya kibanda cha mnyonge. Na aliyehamishwa alipwe haki yake kamili, mapema, apewe mahali pa kuishi palipo karibu na kazi yake.

Tatu, bustani iwe ya umma bila kiingilio, na walinzi na wafanyakazi wake watoke Hananasif, Suna, Mchikichini na Kigogo, kwa watu walioujua mto ule kwa kuumizwa nao.

Nne, kiwanda chochote kinachomwaga maji machafu kilipe gharama ya kuusafisha mto, tena jina lake litangazwe hadharani.

Tano, shule za kandokando ya bonde zifundishe watoto majina ya ndege hawa kwa Kiswahili, na kila Januari, wakati nchi nyingi zinapohesabu ndege wa maji, wanafunzi wetu watoke na madaftari wahesabu. Sisi tuliopita vyuo vya ualimu twajua kuwa mtoto hulinda kile alichokihesabu kwa kidole chake.

Hayo ni madai kwa Serikali na Jiji. Sasa neno kwa wanachama. Tawi lililo kando ya Msimbazi ambalo mfereji wake umejaa mifuko ya plastiki halina kinywa cha kudai lolote. Tuzibue mifereji yetu wenyewe kabla ya masika. Na kiongozi yeyote, awe wa mtaa au wa chama, anayegonga muhuri kwenye karatasi ya kiwanja bondeni, ajue kuwa anauza mauti kwa risiti. Mwanachama akimwona asimwonee haya. Alete habari mkutanoni, jina lisomwe mbele ya watu.

Masika hayangoji kamati. Mwezi Machi mawingu yatapanda juu ya Pugu, na katika siku hizo hizo vitwitwi watakuwa wakijaza matumbo yao pale Salenda kwa safari ya kilomita 10,000. Tope lile ni letu. Tulilinde lingali tope.

UHURU NA KAZI!